Nukta Tatu Nilizokunyima

Ndahani mwanangu,

Mkono unatetemeka, kwa hiyo vumilia mwandiko. Wewe uliyezoea kuniona nikichora duara ubaoni bila bikari ungecheka leo. Daktari ameniambia moyo umechoka. Alisema polepole, kama anayembembeleza mtoto, nikamwambia mimi nilikuwa mwalimu wa hesabu, anitajie tu kilichobaki. Hakutaja namba. Nimeelewa kwamba ni ndogo.

Kuna jambo nilipaswa kukuambia ukiwa hai. Nimekaa nalo miaka zaidi ya arobaini. Nilikuja nalo msibani kwako, nikaketi nalo kiti cha mbele, nikasimama nalo kusema maneno ya kukuaga, nikarudi nalo nyumbani. Nilikuwa nimekubali kuzikwa nalo. Lakini Eunike, binti yako mkubwa, amekuja kulidai bila yeye mwenyewe kujua anachodai.

Alikuja hapa Nkuhungu mwezi uliopita na bahasha kubwa ya kahawia. Akapiga goti kidogo, "Shikamoo Bibi," akakaa, akatoa mchoro na kuutandaza juu ya kitanda changu. Ulikuwa mchoro wa kaburi lako. Nilicheka na kulia kwa wakati mmoja. Nani mwingine angechora kaburi lake mwenyewe kwa vipimo, na mshale wa kuonyesha kaskazini, na maelezo ya jinsi ya kuchanganya saruji? Jiwe bapa la milima ya Kibakwe, lising'arishwe. Na juu yake mistari mitatu tu: jina lako, chini yake "Msanifu majengo", na chini yake muda wako bora wa mita elfu moja na mia tano, dakika tatu, sekunde hamsini, nukta mbili.

Pembeni kwa mwandiko wako mdogo uliandika: "Muda huu uthibitishwe na Mwalimu Debora kabla ya kuchongwa."

Eunike akasema, "Bibi, unamjua baba. Kipimo cha mtu mmoja si kipimo. Saa ulikuwa nayo wewe. Weka tu sahihi hapa, fundi wa jiwe anasubiri."

Sikuweka sahihi. Nilisingizia macho, nikamwomba aniache na karatasi siku mbili. Maana muda ule ulioko kwenye mchoro, Ndahani, si wako. Niliutunga mimi.

Haya. Nimelisema. Ngoja nipumzike kidogo, halafu nikupe habari nyingine kwanza, kwa sababu najua ungeanza kwa kuuliza majengo yako yanaendeleaje.

Wakati wa kiangazi nilikwenda Mlali kumsalimia mdogo wangu, nikapandwa na homa, wakanipeleka kwenye ile zahanati uliyoichora. Nakumbuka ulishinda pale siku nzima juani, umechomeka vijiti ardhini, unafuata kivuli kinavyotembea kuanzia asubuhi hadi jioni, na wanakijiji wakasema msanifu amerukwa na akili. Sasa nimekaa mwenyewe kwenye lile benchi refu. Asubuhi akina mama wanakaa upande huu, mchana wanasogea upande ule, na jua haliwapati hata mara moja. Nilimuuliza nesi kama anajua nani alijenga. Akasema, "Simjui, Mama, lakini huyo mtu aliwahi kusubiri." Nilitaka kumwambia nakufahamu. Nikashindwa kwa fahari.

Lile jengo la ofisi ulilolikataa, nalo lina habari. Unakumbuka walivyotaka vioo kuanzia chini hadi juu, ukawaambia, "Waheshimiwa, nyumba ya vioo Dodoma ni jiko, mtapikwa humo"? Walipata mtu mwingine akawawekea vioo vyao. Juzi nimepitishwa pale nikielekea hospitali. Wamebandika magazeti madirishani! Nilimwambia dereva asimame kidogo nitazame. Mtu mgonjwa naye anahitaji starehe.

Na maktaba ya chuo uliyoichora bado inapendwa kuliko majengo yako yote. Kuta nene kama za tembe ya mama yako, madirisha madogo yaliyozama ndani ya ukuta, paa bapa, upepo wa mashariki unaingia umepoa. Siku ya ufunguzi yule mzee wa Kigogo aliyevaa kaniki alipapasa ukuta kwa kiganja, akazunguka, akapapasa tena, akasema kwa sauti iliyosikika hadi meza kuu, "Kumbe hii ni tembe iliyosoma." Watu walicheka. Wewe hukucheka, uligeuka ukafuta uso. Nilikuona.

Nimetembea na majina mengi ya wanafunzi kichwani, Ndahani. Wapo waliokuwa wakubwa kwa cheo kuliko wewe. Hakuna ambaye nikipita mbele ya kazi yake namwambia kila aliye karibu, hata asiyeniuliza, "Huyu nilimfundisha mimi."

Sasa basi, tufike kule ninakokukwepa.

Ulikuja kwetu kidato cha tano kutoka Kibakwe, mrefu, mkimya, na viatu vya kuazima. Wiki ya pili ulikimbia mbio za mabweni, na waliokuwa nyuma yako walirudi wekundu kuanzia nywele hadi soksi. Ndipo wakakuita Vumbi. Ndani ya mwaka mmoja hukuwa na mpinzani mkoani. Watu wasiokuwa na mtoto shuleni walikuja uwanjani siku za mashindano kukutazama wewe tu, na mtangazaji mwenye kipaza sauti cha kupiga miluzi alikuwa anaanza kupiga kelele kabla hujamaliza mzunguko wa mwisho: "Vumbi hilooo! Fungeni madirisha!"

Mimi nilifanywa mtunza muda kwa sababu nilikuwa mwalimu wa hesabu na kidole changu hakikuwa na pupa. Nilikuwa mwanamke pekee kwenye ile ngazi ya mbao ya watunza muda. Katika mashindano ya mkoa mwalimu mmoja wa shule nyingine alisema mbele ya watu, "Saa ya Debora ina moyo wa mama, inamsubiri mtoto wake afike." Walicheka sana. Mimi pia nilijifanya kucheka.

Mashindano ya kanda yalipofika, mambo yalikuwa wazi. Aliyekimbia chini ya dakika tatu na sekunde hamsini angeingia kambi ya timu ya taifa. Afisa wa jeshi alikuwa amekaa kivulini na daftari, na kila mtu alijua amemfuata nani. Tulikuwa watunza muda watatu ngazini. Bwana mmoja wa ofisi ya elimu, Mungu amrehemu, alikuwa juu yangu. Bakari wa Kondoa, wakati huo kijana aliyeanza kazi ya ualimu, alikuwa chini yangu. Utaratibu ulikuwa kwamba hakuna kuonyeshana saa. Kila mmoja anaandika namba yake kwenye kikaratasi, anakunja, anampa mkuu wa mashindano. Zikitofautiana zote tatu, inachukuliwa ile ya katikati.

Ulikimbia siku ile kama mtu anayekwenda kuzima moto. Mzunguko wa tatu upepo ulikuwa usoni kwako na hukupunguza. Ulipokata utepe nilibonyeza, na nilibonyeza sawasawa, mwanangu, sijawahi kubonyeza vizuri kuliko siku ile. Nikatazama. Dakika tatu, sekunde arobaini na tisa, nukta tisa.

Nikaandika hamsini nukta mbili.

Nimejieleza kwa namna nyingi miaka hii. Nilijiambia niliogopa maneno ya watu, kwamba nilitaka kuwa mkali kwako ili nisionekane nakubeba. Uongo huo niliulea hadi ukakomaa. Lakini mtu akilala kitandani mchana kutwa anatazama dari, mambo yanakaa kwenye mizani yenyewe. Ukweli ni huu. Kambi ile ilikuwa inaanza wakati ule ule wa mtihani wa kidato cha sita. Na wiki moja kabla ya mashindano nilikusanya madaftari ya jometri, nikakuta nyuma ya daftari lako umechora bweni la wasichana. Hukulichora lilivyokuwa. Ulilichora linavyotakiwa kuwa, na mlango umehamishwa upande usiopigwa na upepo, na ngazi umezihesabu. Nilikaa na daftari lile hadi chai ikapoa. Nikajiambia miguu ya mtu inaisha akifika miaka thelathini, lakini mkono huu utachora hadi uzeeni.

Kwa hiyo nilikuchagulia. Hukuniomba. Ningeweza kukuita pembeni nikakuambia, "Ndahani, una njia mbili, fikiri." Ulikuwa na akili kuliko sisi sote. Sikukuita. Nilibadilisha namba kwa kalamu, juu ya goti langu, kwa sekunde chache kuliko ulizotumia kwenye kona moja ya uwanja.

Mkuu alipofungua vikaratasi, Bakari alikuwa ameandika arobaini na tisa nukta nane. Bwana wa ofisi ya elimu, hamsini nukta nne. Ya katikati ikawa yangu.

Ulikuja ukiwa bado unahema, mikono magotini, ukaniuliza, "Mwalimu, saa imesema nini?" Nikasema, "Hamsini, nukta mbili." Halafu ukasema, "Basi. Saa haina mjomba." Ukakaa kwenye nyasi ukavua viatu vyako vya misumari, ukavifunga pamoja kwa kamba zake. Nilidhani utalia, nikajiandaa. Hukulia. Uliniambia asante.

Ulifanya mtihani, ukafaulu, ukaenda chuo kikuu kusomea usanifu. Mengine yote ndiyo haya yaliyosimama mjini na vijijini.

Najua utasema, basi Mwalimu, yameisha vizuri. Ningelala na jibu hilo kama isingekuwa ule ukuta. Ulipokuja kuniongezea chumba cha nyuma, mafundi walipandisha ukuta ukatoka nje ya mstari kwa upana wa kidole. Mimi nilikuwa nimekaa uani nachambua mlenda. Fundi mkuu alilalamika, "Injinia, hii hata Mungu haioni!" Ukamwambia, "Kwanza mimi si injinia. Pili, Mungu sijui, ila mimi nimepima." Halafu ukawakusanya, ukawaambia maneno ambayo naona uliyasema kwenye kila eneo la ujenzi maisha yako yote: "Mimi nilikosa timu ya taifa kwa nukta mbili za sekunde. Nukta mbili! Na hamtanisikia nikilalamika, kwa sababu saa ilikuwa ya haki. Bomoeni."

Walibomoa. Wakajenga upya, umenyooka. Nalala nyuma ya ukuta ule. Ukweli wako wote wa kupima, Ndahani, uliokufanya uwe wewe, uliujenga juu ya namba niliyoidanganya. Nilikuwa na mlenda mapajani na sikufungua mdomo.

Eunike aliporudi baada ya siku mbili nilimwambia yote. Sikupamba. Alisikiliza bila kunitazama. Nilipomaliza akasema, "Bibi, unajua baba alikuwa anazima redio?" Sikujua. Akanieleza kwamba kila yalipokuja mashindano makubwa ulikuwa unasikiliza kila kitu, mruko, mkuki, mita mia, na mtangazaji akifika kwenye mita elfu moja na mia tano unanyanyuka, unazima, unatoka nje kuosha gari. Hata kama umeliosha asubuhi. "Tulikuwa tunacheka," akasema. "Tulikuwa tunamwambia, baba gari litachubuka."

Nilijaribu kujitetea. Nikamwambia, lakini tazama majengo. Alinigeukia wakati huo. "Majengo ni ya baba, Bibi. Usiyaweke kwenye mizani yako." Akachukua mkoba wake akaondoka. Chai niliyomwekea ilibaki vilevile.

Ana ulimi wako yule. Nilijisikia vibaya, na nilijivunia kwamba umelea mtu wa namna hiyo.

Sasa tatizo likawa hili. Hata nikisema ukweli, mimi ni mtu mmoja, na kwa sheria yako kipimo changu si kipimo. Makaratasi ya siku ile hayajulikani yaliko. Nikamtafuta Bakari. Mjukuu wa mdogo wangu alinipatia namba yake, nikampigia Kondoa. Masikio yake yamekufa, kwa hiyo anapiga kelele.

"Debora! Bado upo? Mimi nilishakusomea dua!"

Nikamwambia asome tena, haitapotea. Halafu nikamweleza. Ilibidi nirudie mara mbili kwa sauti, na jirani zangu wote sasa wanajua. Kisha akasema polepole, "Arobaini na tisa, nukta nane. Nakumbuka. Mkuu aliniambia kidole changu kina pupa. Mwaka uliofuata hawakuniita tena kutunza muda." Akacheka, akakohoa. "Wewe mwanamke! Miaka yote hii nimetembea na kidole cha pupa, kumbe kilikuwa sawa!" Halafu hakucheka tena. Akauliza, "Kwa hiyo yule kijana alifuzu?"

Nikasema, "Alifuzu."

"Mwambie mwanawe aje na karatasi. Ila aje haraka. Sisi si watu wa kupangiwa mwezi ujao."

Nilimpelekea Eunike ujumbe, hakujibu. Siku ya nne aliingia hapa na vumbi la njia ya Kondoa kwenye viatu. Akatandaza ule mchoro. Kwenye pambizo palikuwa na mwandiko mkubwa wa Bakari umepanda mlima: kwamba yeye alikuwepo, kwamba saa yake ilisema arobaini na tisa nukta nane, na jina lake lote, na sahihi. Eunike akanipa kalamu. "Sasa wewe, Bibi."

Nilikata ile namba ya zamani kwa mstari mmoja. Juu yake nikaandika dakika tatu, sekunde arobaini na tisa, nukta tisa. Nikaweka sahihi yangu. Ilichukua muda mrefu kwa sababu ya huu mkono, na hakunisaidia, na nilishukuru kwamba hakunisaidia.

Hakuniambia amenisamehe. Alikunywa chai nusu kikombe. Alipofika mlangoni akasema, "Fundi ataanza kuchonga kesho. Jiwe litawekwa Jumamosi baada ya ibada. Nitakuja kukuchukua kwa gari. Wale waliokupigia makofi msibani watakuwepo wote, Bibi. Utawaambia mwenyewe."

Makofi hayo unastahili kuyajua. Siku ya kukuaga mwenye kipaza sauti aliniita "mwalimu aliyemwona kabla hatujamwona," wakapiga makofi, waziri mstaafu, wanafunzi wako, mafundi wako waliokuja na nguo za kazi. Nami niliinamisha kichwa kama mtu mnyenyekevu. Ni kweli nilikuona. Ndiyo maana kosa langu ni kubwa zaidi. Anayekosea kipimo cha asichokiona anasameheka.

Nikuambie na hili, kwa kuwa nimeahidi kutoficha. Ziko siku nikikumbuka lile benchi la Mlali, najikuta nikisema moyoni kwamba ningefanya tena. Halafu nakuona unazima redio, unatoka nje na ndoo. Sijui nifanye nini na vitu hivyo viwili. Labda wewe ungeweza kuvichorea nyumba moja. Mimi siwezi. Ninachojua ni kwamba ulikuwa mkimbiaji wa taifa na hukuambiwa, na ulikuwa msanifu mkubwa bila msaada wa uongo wangu, kwa sababu lile bweni ulikuwa umeshalichora kabla mimi sijashika kalamu. Ungeweza kuwa vyote viwili. Ulikuwa na mapafu ya kutosha.

Sitakuomba msamaha hapa, ndani ya karatasi, ambapo huwezi kunikatalia. Nitauomba kule ulikolala, kwa sauti, watu wakisikia.

Kwaheri, Ndahani. Mfikishie mama yako huko mbukwenyi, ile salamu ya Kigogo, mwambie kuta zake zimefika chuoni. Jumamosi nakuja Kibakwe. Nitawaambia namba zote tatu na nitawaambia nani alibadilisha ya katikati. Nikishindwa kusimama nitasema nimekaa. Sauti ikigoma, nakala ya barua hii itakuwa mkononi mwa Eunike, naye nimemwambia aisome mbele yao yote, asiruke mstari hata mmoja kwa kunihurumia.

Mwalimu wako,
Debora